Mafuta ya Kuku ya Bibi Hana

Kitunguu kinachokaangwa polepole katika mafuta ya kuku kina harufu nzito, yenye utamu wa mbali, inayoganda kwenye sweta mpaka Jumapili kanisani. Utoto wangu pale Uyole ulinukia hivyo kila Ijumaa, kwa sababu mama yangu alikuwa mpishi wa Bibi Hana, na Ijumaa ilikuwa siku ya kinishi. Hicho ni chakula cha Wayahudi wa kwao Polandi: unga unakandwa, unavutwa juu ya meza mpaka unakuwa mwembamba kama kitambaa, unajazwa viazi vilivyopondwa pamoja na kile kitunguu, unakunjwa na kuokwa. Bibi Hana aliletwa Iringa akiwa msichana, pamoja na wakimbizi wa vita. Wenzake walipoondoka yeye alibaki, akaolewa na fundi wa mashine za mbao, akahamia kwetu, akafiwa. Alisalimia "kamwene" kama Mhehe kamili. Sala za kwao alikuwa amezisahau, na sikukuu hakujua tena zinaangukia lini. Uyahudi wake wote ulikuwa umebaki katika mambo mawili: kinishi cha Ijumaa, na kutokula nguruwe.

Mwaka niliotimiza miaka kumi, baridi ya Juni ilikuja na kideri. Kuku wa Uyole walikufa wakisinzia, mmoja baada ya mwingine, mpaka asubuhi zikawa hazina anayewika. Mafuta ya dukani nayo siku hizo yalikuwa hadithi. Ijumaa tatu zilipita bila kinishi. Mama alikuwa amekwenda msibani Ubaruku, akaniachia mimi jiko, nami nikamtazama Bibi Hana akiacha uji, kisha akiacha viazi vya kuchemsha, kisha akiacha hata kuuliza leo ni siku gani. Macho yake yalikuwa na mtoto wa jicho, na vidole vilikuwa vimepinda kwa baridi yabisi. Alikaa tu karibu na jiko la kuni akitazama mahali ambapo mimi sikuwapo.

Nikaenda kwa jirani yetu, Mama Sekela, kuomba mafuta ya kuku. Akacheka mpaka akashika kiuno.

"We Tupo, kuku gani? Wa mbinguni? Chukua haya ya nguruwe."

"Bibi hali nguruwe, Mama."

"Kwani tumbo lina macho? Mafuta ni mafuta. Na nani atamwambia, nguruwe mwenyewe?"

Ningependa kuandika kwamba niliyachukua kwa huruma, na huruma ilikuwapo. Lakini mabaki ya kinishi yalikuwa yetu, na mimi pia nilikuwa nimekaa Ijumaa tatu bila. Mafuta ya nguruwe ni meupe, ya kuku ni manjano, kwa hiyo nilitia binzari kidogo. Sikuambiwa na mtu. Hiyo ndiyo akili ambayo baadaye serikali iliisomesha mpaka chuo kikuu.

Bibi Hana alikimaliza cha kwanza. Cha pili akakishika kwa mikono miwili.

"Mjukuu wangu, umepatia," alisema. "Hiki ndicho cha mama yangu. Miaka yote hii mama yako anapika vizuri, lakini leo ndicho chenyewe."

Kisha akalia, na akanisimulia jambo ambalo hakuwahi kumsimulia mtu pale Uyole: kwamba mama yake na dada zake wawili waliuawa, kwamba njiani wakimbizi walipewa nyama ya nguruwe, wakala wote, na yeye, mtoto mwenye njaa, akakataa. "Nimepoteza vyote, Tupo. Hili moja tu sijalivunja." Akanisogezea sahani. Nilikula. Kilikuwa kitamu sana, na huo ndio ushahidi mbaya zaidi ninaoweza kutoa dhidi yangu.

Wahenga walisema mficha uchi hazai. Mimi nimezaa watatu, na huu nimeuficha vizuri. Nikasoma falsafa, nikaandika tasnifu juu ya ukweli, ikasifiwa. Likizo ya mwaka wa mwisho nilipanda basi hadi Iringa, alikokuwa akiuguzwa Bibi Hana, nikiwa nimekariri sentensi ya kwanza. Alinitambua kwa sauti. "Huyu ndiye aliyenipikia kile kinishi," alimwambia muuguzi, akitabasamu bila meno. Nikafungua mdomo, ikatoka habari ya mvua. Alizikwa mwezi uliofuata.

Mwaka huu nimemweleza binti yangu. "Mama, si alifurahi? Tatizo liko wapi?" alisema, na nikagundua kwamba shahada zangu zote hazina jibu ambalo Mama Sekela asingelicheka. Anayeweza kunisamehe ndiye niliyemnyima cha kusamehe. Siku hizi pale Uyole mafuta yamepangwa dukani kutoka sakafuni hadi darini, na kila chupa ina karatasi inayoeleza kilichomo, hata kwa asiyeuliza. Wakati ule, pale jikoni, aliyejua kilichomo alikuwa mmoja tu, ameketi karibu na Bibi Hana, anatafuna.