Makasha ya Michezo ya Hanifu wa Makole

Baba yangu mdogo Hanifu alikuwa mtu wa kupanga vitu. Ukimwachia ungo wa dagaa akuangalizie kidogo, ukirudi unakuta wakubwa wako upande huu, wadogo upande ule, na waliokatika vichwa wametengwa peke yao. Alikuwa mtunza stoo wa shirika moja la umma hapa Dodoma, mpaka shirika likauzwa na watu wakapunguzwa kazini. Wenzake walinunua mashine za kusaga, na mmoja akaongeza mke. Yeye alinunua kompyuta za mtumba na kufungua chumba cha michezo mbele ya nyumba yake, Makole. Ilikuwa miaka ya mwanzo ya elfu mbili, wakati kila kitu kinaingia nchini na kila mtu anataka kuuza kitu.

Ukoo ulimsema sana. Sisi ni watu wa biashara tangu babu zetu walipopita uwanda huu na misafara wakaona bora wakae. Tumeuza nguo, chumvi, tambi, mpaka vipuri vya baiskeli. Lakini kuuza mchezo! Shangazi Sikudhani alitoka Kolo, kule Kondoa, mahsusi kuja kumuuliza kama ana homa. Baba mdogo alimkalisha mbele ya mashine, akamwekea mchezo wa kupanga karata, na shangazi hakunyanyuka mpaka adhana ya alasiri. Tangu siku ile hakumsema tena.

Mimi nilikuwa nakaa kwao nikisomea ukatibu muhtasi, kwa hiyo haya niliyaona kwa macho yangu.

Michezo yake ilikuwa halisi, na kwa hilo alijivuna mno. Mwanawe Harithi ndiye aliyeinunua Dar es Salaam na kumtumia. Kila sidii ilikuja ndani ya kasha la plastiki, na nyuma ya kasha kulikuwa na kikaratasi cha njano chenye namba ndefu ya herufi na tarakimu. Usipoiandika namba ile, mashine haipokei mchezo. Vijana walimwambia kuna michezo ya kunakili inayoingia bila namba, tena bei poa. Baba mdogo akawatazama kama wamemwambia akaibe kuku wa jirani.

Siku ya kuingiza mchezo mpya ilikuwa sherehe. Baba mdogo alinawa mikono, akavaa miwani, akataka kimya. Alichapa kwa kidole kimoja, na macho yake hayakuweza kuruka kutoka kwenye kasha kwenda kwenye kioo, hivyo lazima mtu amsomee. Msomaji alikuwa Erica, binti wa jirani yetu Mama Erica, yule Mgogo wa Haneti anayeuza mlenda mkavu. Erica alikuwa kidato cha pili, mwembamba, ana sauti ya kengele. Alisoma hivi: "K ya kuku. Saba. T ya tembo. Mbili." Na kila ikija E, hata iwe mara ngapi, "E ya Erica!" Watu wote chumbani wanacheka, na baba mdogo anajifanya kukasirika.

Kisha Erica alikaa kucheza mpira wa kwenye kompyuta. Alimfunga Ludovick, fundi wetu wa kompyuta, akawafunga wanachuo, akamfunga na mwalimu wake wa hesabu. Baba mdogo alikuwa akisimama nyuma ya kiti chake na kumwombea kimoyomoyo, ingawa mwenye chumba hapaswi kuwa na upande. Alimpenda mtoto yule, sijui niseme vipi tena.

Adui yetu mkubwa alikuwa vumbi. Mnaoijua Dodoma wakati wa kiangazi mnajua ninachosema: linaingia kwenye chumvi, kwenye mashuka, kwenye meno. Yale makasha ya plastiki yalikuwa yanapasuka kwa ukavu na vumbi linaingia ndani. Mama mdogo Salwa, ambaye hawezi kuona tatizo bila kutafuta sindano, akashona vifuko vya vipande vya kanga, kila mchezo na kanga yake. Baba mdogo alifurahi kupita kiasi. Akaipanga upya maktaba yote: michezo ya vita juu kabisa, pembeni, watoto wasiifikie, michezo mipole chini, na mpira, kwa sababu ndio unaotoka zaidi, katikati usawa wa mkono, ndani ya kanga ya kijani yenye michoro ya korosho. Vijana walisahau majina ya Kizungu. Wakaanza kuagiza, "Mzee, nipe ya korosho."

Makasha je? Mama mdogo aliuliza kama bado yana kazi. Baba mdogo akajibu kwa uhakika wa mtu aliyefanya kazi stoo maisha yake yote: mzigo ukishapokelewa, umepokelewa. Namba zimeshatumika, michezo imeshaingia. Basi mama mdogo akayagawa, maana kugawa ndiyo starehe yake. Na Makole wakagundua kwamba kasha la sidii ukilipunguzia picha kingo kidogo, linakuwa fremu nzuri kuliko za dukani. Katika muda mfupi kila nyumba ilikuwa na moja ukutani. Harusi, kipaimara, mzee aliyekwenda Makka, wote walikaa ndani ya plastiki za baba mdogo.

Masika yale Erica aliugua malaria, ikapanda kichwani. Tulimzika Haneti.

Wakati wa matanga mama mdogo alikuta picha ya Erica ipo kwenye mfuko wa nailoni, imefungwa juu ya kenchi ya paa, na vumbi limeanza kuila. Ilikuwa picha yake pekee. Akakimbia nyumbani akaleta kasha lililobaki, lile la mpira, ambalo kifuniko chake kilikuwa kimevunjika. Mama Erica akapika uji mzito wa uwele, akaibandika picha moja kwa moja kwenye mgongo wa kasha, akaitundika ukutani.

Miezi ikapita. Ramadhani ilipokaribia kwisha, umeme ulikatika Makole, ukarudi kwa nguvu ambayo iliunguza balbu, redio za watu, na matumbo ya kompyuta zetu zote. Ludovick alizifungua, akaweka vifaa vingine, kisha akasema, "Ziko tupu, mzee. Tuanze kuingiza upya. Leta namba."

"Namba gani? Si zilishatumika?"

Ludovick alishika kiuno. "Mzee Hanifu, namba na sidii ni mke na mume. Haviachani mpaka kufa. Makasha yako wapi?"

Sijawahi kuona mtu akipauka namna ile. Na ubaya ni kwamba Idd ilikuwa inabisha hodi, na Idd ndiyo siku ya mashindano yetu ya mpira. Watu walikuwa wanakuja mpaka kutoka Kondoa. Karibu na stendi kulikuwa kumefunguliwa ukumbi mpya wenye mashine za kung'aa, na kila mtu alijua kwamba Hanifu akikosa mpira siku ya Idd, wateja watahamia kule na hawatarudi.

Basi tukaingia mitaani, baba mdogo mbele, mimi na kalamu nyuma. Kila mlango ni hodi, salamu, habari za mfungo, kisha baba mdogo anajikohoza: "Samahani sana, naomba kumgeuza marehemu baba yako." Watu walitucheka mpaka machozi. Bwana harusi akageuzwa, babu akageuzwa, watoto wa kipaimara wakageuzwa, na nyuma yao kikaratasi cha njano kiko salama. Kila nyumba ilitaka kusoma yenyewe. Mzee Bartolomayo alisoma kwa kuimba kama yuko kanisani. Kwa Bi Jaha, baba mdogo alichukua kasha asome mwenyewe. "M ya maji. Nne. E ya Erica," akasema, kwa mazoea tu, halafu akaninyooshea kasha nimalizie. Alikwenda kusimama uani.

Tulipata zote isipokuwa ya mpira. Mama mdogo akashika mdomo, kisha akatuambia iko wapi.

Mama Erica alikuwa akianika mlenda. Baba mdogo akaita, "Mbukwenyi!" kwa kile Kigogo chake cha kuchekesha, naye akatukaribisha ndani. Ukuta ulikuwa mtupu isipokuwa picha ile. Erica kavaa sare, anajizuia kucheka. Uji wa uwele ulikuwa umekauka na kuwa mgumu kama udongo, na kwenye kona, chini ya kiwiko chake, ncha ya karatasi ya njano ilichungulia. Kuipata namba ilikuwa lazima kuibandua picha, na kwa jinsi ilivyoshika, ingetoka vipandevipande.

Mama Erica akauliza, "Mna haja gani, Baba Harithi?"

"Tumekuja kukujulia hali tu," akasema baba mdogo. Tukaaga.

Njiani nilimwambia labda mvuke wa maji moto ungeibandua taratibu. Akanijia juu: "Yusra, hilo usilitamke. Kwa mama yake, kwa mke wangu, kwa mtu yeyote. Namba imepotea." Na hivyo ndivyo alivyowaambia vijana, yeye ambaye hata bei hakujua kudanganya. Harithi akajibu kwa simu kwamba mpira mwingine unaweza kupatikana Dar, lakini hautafika kabla ya sikukuu.

Siku ya Idd tulivaa, tukapika pilau, tukafungua chumba. Baba mdogo alitangaza mashindano ya magari badala ya mpira. Vijana walikaa kidogo kwa heshima, wakala pilau, kisha mmoja mmoja wakaanza kukumbuka kwamba wana safari ya kuelekea stendi. Kufikia adhuhuri tulibaki na Ludovick na shangazi Sikudhani, ambaye hakuona tatizo lolote kwa sababu karata zake zilikuwapo. Baba mdogo alikuwa anapangusa rafu iliyokwisha kupanguswa. Roho iliniuma.

Ndipo Mama Erica akaingia, amekumbatia picha kifuani, amekunja uso. 

"Baba Harithi, mimi nakuuliza. Umepita nyumba zote. Kwa Bartolomayo umesoma, kwa Bi Jaha umesoma. Watu wote wananiambia, wa kwetu amesomwa, wa kwetu amesomwa. Kwangu ulifika, ukamtazama, ukaondoka. Mwanangu kwa nini hukumsoma? Kwa sababu amekufa bado mtoto? Au sababu sisi wa mlenda?"

 Mama mdogo akamletea kiti Mama Erica, akakikataa.

"Yeye ndiye alikuwa anakusomea wewe," akasema.

Hapo baba mdogo alikaa chini, kwenye sakafu, na kanzu yake mpya ya Idd, akamweleza yote. Akamwonyesha ile ncha ya njano chini ya kiwiko. Akamwambia namba ya mpira imelala chini ya picha, kwamba kuitoa ni kuichana, na kwamba yeye yuko radhi chumba kifungwe lakini hatamchana Erica.

Mama Erica aliinua picha mwangani, akaigeuza, akaitazama kwa ubavu. 

"Mpira ule wa kuwafunga wanaume?" akauliza.

"Ule ule, Mama Erica."

"Kwa hiyo hakuna mtu anaweza kucheza sasa. Mpaka yeye aseme."

"Hakuna."

Akacheka. Nilikuwa sijasikia kicheko chake tangu Haneti, na kilikuwa cha Erica kabisa, ile kengele. "Mtoto huyu! Ameulalia mwenyewe! Alikuwa hivyo hivyo na blanketi, mdogo wake hapati." Alicheka mpaka akakikubali kiti, na kitini hapo akalia, na mama mdogo akalia naye, na sisi wengine hatukuwa na pa kuficha nyuso zetu.

Baba mdogo akanyanyuka. Akaenda kwenye rafu, katikati, usawa wa mkono, akakitoa kile kifuko cha kanga ya korosho na sidii yake ndani. Akakipangusa mara mbili kwa kiganja. Kisha akampa Mama Erica kwa mikono miwili.

"Ludovick amenifundisha," akasema. "Namba na sidii haviachani. Hiki kikae naye."

Mama Erica akakifunga kifuko kwenye pindo la kanga yake, akambeba binti yake, akaenda nyumbani. Mpira mwingine ulikuja kutoka Dar baada ya sikukuu, na baadhi ya vijana walirudi nao. Baba mdogo aliuweka pembeni kwenye rafu. Ile nafasi ya katikati, usawa wa mkono, aliiacha wazi, na kila asubuhi aliipangusa vumbi.