Simu Yenye Masikio Mengi

Mwaka wa tisini na sita, Nyasuguta alikuwa na simu ya kulipia dukani kwake mjini Migori. Ilikaa juu ya kaunta, hatua mbili kutoka benchi la wateja. Laini ilikuwa mbovu, kwa hiyo kila aliyepiga alipaza sauti, na waliongoja zamu wakasikia yote.

Jumatatu moja Risper, muuza samaki wa Sori, alimpigia dada yake Kisumu, akamwambia daktari amemkuta na uvimbe kwenye titi. Aliporudi Sori jioni, habari ilikuwa imemtangulia. Wanunuzi walimtazama kifua, si samaki.

Wiki iliyofuata alipita dukani. "Mama Moraa," akamwambia Nyasuguta taratibu, "simu yako iko na masikio mengi." Akaenda zake.

Nyasuguta akaligeukia benchi. Benchi lile aliliweka mwenyewe. Sabato hiyo aliimba kanisani bila kujua anaimba nini.

Jumapili akamwita Dishon, fundi seremala. Walichukua kabati kuukuu la nguo, wakalipigilia godoro ndani, wakahamishia simu humo. Sauti ilizimika kweli, lakini mzee wa kwanza kuingia alitoka akitweta. "Hili ni jeneza," akasema.

"Watazoea tu," Dishon akasema.

"Wasizoee. Sisi ndio tubadilishe."

Nyasuguta akaingia, akafunga mlango, akakaa nusu saa. Alitoka akiwa amelowa jasho, na anajua la kufanya: matundu ya hewa juu, kioo mlangoni ili mtu aone nje, na kigoda, maana habari nyingine hupokelewa ukiwa umekaa. Daftari la namba zilizopigwa, ambalo yeyote angeweza kulichungulia, akalifungia kwenye droo.

Kisha akaenda Sori mwenyewe, akarudi na Risper.

"Simama hapa nje. Mimi na Dishon tutaongea ndani. Ukisikia neno moja, nalivunja kabati hili."

Risper akatega sikio mlangoni. Ndani Dishon alikuwa akibishana na Nyasuguta kwa sauti ya mnadani. Nje ulisikika mvumo tu, kama wa nyuki walio mbali. Risper akacheka, na wale wawili walipotoka, akaingia kumpigia dada yake.

Kupitia kioo walimwona akifuta machozi, halafu akitabasamu. Alipotoka, mwanamke mmoja kwenye benchi hakuweza kujizuia.

"Wanasemaje huko Kisumu?"

"Wanawasalimia," Risper akajibu.

Nyuma ya kaunta, Nyasuguta alijisikia kama mtu aliyeshinda kesi.