Kofi la Mama Kinuni

Tu-pwa, tu-pwa. Mpaka leo naisikia: mama na shangazi wakitwanga mahindi kwenye kinu kimoja, kila mmoja akiurusha mchi juu na kupiga kofi kabla ya kuudaka. Mimi nilikaa kando, vidole ndani ya pumba mbichi, nikiota kwamba nikikua nitaurusha wangu hadi uguse mawingu.

Siku moja kofi la mama likakosekana. Alikuwa anatwanga kwa mkono wa kushoto, ule wa kulia ameubana ubavuni.

"Wifi, mkono umeusahau shambani?" shangazi akamtania.

"Nimeulalia vibaya tu."

Shangazi alicheka, kisha kicheko kikakatika. Akasogea, akanong'ona, "Hata mama yako alianza hivi hivi. Twende hospitali."

"Tumalize kwanza, watoto wale."

Wakaendelea kutwanga. Mama alikwenda hospitali baada ya mavuno, na titi lilikuwa limeshakuwa kidonda.

Juzi, kwenye benchi la kliniki hapa Songea, dada aliyekaa kando yangu alinukia pumba mbichi. Sikuwa naumwa popote. Ni nesi wa hapo aliyenishika mkono wiki iliyopita, nilipomsimulia habari za nyumbani: "Mdogo wangu, bibi na mama, wote saratani ya titi? Usisubiri uvimbe, njoo tukupime."

Nilipoitwa nikautazama mlango wa kutokea, halafu nikaingia. Nyuma ya pazia, kabla nesi hajaja, nikauinua mkono wa kulia mwenyewe, juu kabisa.