Kitenge cha Mgombea Asiye na Rangi

Nikiikumbuka Jules Street ya miaka ile, kule kusini kwenye jiji la dhahabu, huwa naiona asubuhi ya Mei, jua limelegea, vumbi la njano la machimbo ya zamani limetanda juu ya mabati, na sauti ya cherehani yangu inatangulia kila kitu. Labda haikuwa hivyo kila siku. Lakini ndivyo inavyonijia, na sina ugomvi na kumbukumbu inayobisha hodi kwa upole.

Mimi ni fundi wa nguo, mtoto wa Uvira. Nilikuwa na kibanda pale Malvern, kati ya saluni ya Wakongo wenzangu na Mrundi aliyeuza kadi za simu. Mgombea wetu alikuwa mwenyeji, dereva wa basi la jiji aliyestaafu, mzee mrefu mwenye tabia ya kusimama mlangoni bila kuingia, kana kwamba bado anasubiri abiria wapande.

Tulimjua vizuri mwaka 2008, ile Mei wageni walipokuwa wakifukuzwa. Vijana walikuja na marungu hadi kwenye jengo letu, wakamkuta amekaa langoni kwenye kiti chake cha kukunja, chupa ya chai miguuni. Hakuinuka. Aliwaambia kwa Kizulu, "Humu wanakaa watu wangu." Walitazamana, wakageuka, wakaenda zao. Sijui kwa nini walimsikiliza. Nadhani wengine aliwahi kuwapeleka shule kwa basi lake. Watu wangu! Neno hilo nililala nalo kama mtoto anavyolala na khanga ya mama yake.

Mwaka 2011 ukaja uchaguzi wa madiwani. Chama chake kilileta mtu wa mbali, asiyejua hata maji ya mvua hutuama wapi mtaani kwetu. Mzee akakasirika, akajitoa, akasimama kama mgombea binafsi. Hakuwa na fulana wala gari la vipaza sauti. Hakuwa hata na rangi, na hapa siasa ni rangi.

Sasa, kwetu harusi ina sare, msiba una sare, ubatizo una sare. Mtu wako akiwa na jambo, unavaa kitambaa kimoja na wenzako ili walimwengu wajue hayuko peke yake. Kura hatukuwa nayo. Karatasi za ukimbizi hazikutupa haki hiyo. Wahenga walisema mgeni siku mbili, siku ya tatu mpe jembe. Siku yetu ya tatu ilishapita zamani na jembe hatukuliona, basi tukaenda kulitafuta wenyewe. Mimi na wanawake wa saluni tulishuka mjini kwa wauza vitambaa, tukahangaika kutafuta rangi ambayo hakuna chama kilichoiwahi. Mwishowe tukapata kitenge cha zambarau chenye picha za kuku na vifaranga.

"Kuku kwenye siasa, dada, vraiment, kweli?" msusi mmoja aliniuliza.

"Afadhali kuku," nikamjibu. "Kuku hutaga."

Nilishona mpaka vidole vikafa ganzi. Nikifumba macho hata leo nawaona wanawake wanavuka barabara pale kwenye robot, taa za kuongozea magari, na kuku wa zambarau wanatembea taratibu migongoni mwao, wakielea kwenye mwanga wa jioni. Nilikuwa na furaha ya kijinga kabisa. Hakuna aliyefikiri kwamba wenye kura walikuwa wanatutazama, na walichokiona ni wageni tu.

Uchaguzi ulipokaribia, mke wake alikuja kibandani. Ni mwanamke asiyezunguka mbuyu. Hakuketi.

"Dada, huko nje wanasema mume wangu ni mgombea wa makwerekwere," alisema. Hilo ndilo jina wanalotuita wakituchukia. "Waambie wenzako waweke nguo hizo kabatini mpaka kura zihesabiwe. Jioni atakuja kukwambia mwenyewe. Nimetangulia ili usije ukashtuka."

Alipoondoka nilikasirika, nikalia, nikakasirika tena. Nilijua ana haki. Angeshindaje amevikwa sisi? Lakini niliapa kwamba akiniambia niivue nguo hiyo nitaivua, na neno lake la langoni nitamrudishia, sitalihitaji tena.

Jioni alikuja. Jua lilikuwa limejilaza sakafuni, juu ya vipande vya nyuzi. Siku hiyo hakusimama mlangoni. Aliingia, akaketi, akanywa chai yangu. Alitazama gauni langu, kuku mmoja baada ya mwingine.

"Mke wangu alifika?"

"Alifika, baba."

Nilikuwa nimeshika mkasi bila kukata kitu.

"Hicho kitambaa," akasema, "kimebaki cha kutosha shati?"

Nilimpima shingo, nikampima mabega. Alisimama wima kama mtu aliye mbele ya mpiga picha.

"Baba, utashindwa."

"Eish, mama. Maneno niliyoyatema pale langoni, sasa nitayamezaje?"

Alikwenda kupiga kura amevaa kuku. Alishindwa, tena vibaya. Diwani aliyeshinda alipata ofisi; wetu alibaki na kiti chake cha kukunja, na watu, wenyeji kwa wageni, waliendelea kumfuata hapo kwa habari za mifereji iliyoziba na taa za barabarani zilizokufa. Miaka ikapita hivyo, laini, bila kelele. Shati lilipauka likawa rangi ya maji ya zabibu.

Mke wake hakukanyaga kwangu muda mrefu. Halafu asubuhi moja ya Jumapili, mwaka 2014, alisimama mlangoni pangu akiwa njiani kwenda kanisani.

"Kimebaki?" aliuliza.

Kilibaki kipande kisichofika hata nusu ya gauni. Nikamwambia kinatosha kilemba tu. Akavuta kigoda, akaketi, akainamisha kichwa nimfunge.

"Angenisikiliza angeshinda," alisema.

"Ndiyo, mama. Angeshinda."

Akajitazama kwenye kioo changu chenye ufa, akamgusa kifaranga mmoja karibu na sikio.

"Kaza," akasema. "Kisije kikafunguka njiani."