Siku Moja ya Kila Mwaka

Mdogo wangu, tuliyemzoea kwa jina la Kipimo, alipima mvua miaka tisa katika mradi wa serikali. Kila siku saa tatu asubuhi alikwenda kwenye mtungi wa bati nyuma ya ofisi ya maji, akamimina maji kwenye bilauri yenye mistari, akaandika daftarini na kutia sahihi. Mimi niliishia shule ya msingi, lakini mwandiko ule niliusoma bila miwani.

Mkataba wake ulikuwa wa mwaka mmoja. Ukiisha, walimpumzisha siku moja, ndipo wakampa mwingine. Siku hiyo moja ndiyo iliyoikata miaka yake isiungane.

Mradi ulipofungwa, msimamizi alimsogezea karatasi. "Mama, tia sahihi kwamba huna dai. Wewe ni wa mwaka mmoja tu."

"Mwaka mmoja ndio umeniotesha mvi zote hizi?" Akairudisha karatasi.

Alikuja kwangu ameshika tama. Nikampeleka kwa wakili wa chama cha wafanyakazi, mwanamke mkavu wa maneno. Akatueleza: aliyefanya kazi mfululizo, mradi ukiisha ana haki ya kusikilizwa, na kufikiriwa kwanza kwenye ajira ya kudumu. "Lakini mfululizo uonekane. Siku zile za kupumzishwa ulikuwa wapi?"

Kipimo akainama. "Nisamehe, wakili. Nilikuwa naenda kazini kisirisiri."

"Kufanya nini?"

"Kupima. Mvua ya siku mbili ikichanganyika, daftari limeharibika."

Nikamchapa begani. "We mtoto! Watu wanatoroka kazi, wewe unatoroka mapumziko?"

Wakili hakucheka. Alikuwa ameshasimama.

Mbele ya baraza la kazi, mwenyekiti alifunua madaftari, akizitafuta zile siku nane. Zote zilikuwamo. Chini ya kila ukurasa palikuwa na sahihi ya msimamizi mwenyewe, aliyekuwa akitia bila kusoma.

Miaka tisa ikahesabiwa mfululizo. Barua ya ajira ya kudumu katika ofisi ya maji ilimfikia miezi saba tangu mradi ufungwe. Aliisoma amesimama, akaikunja, akaniuliza, "Dada, saa ngapi?"

"Saa tatu kasorobo."

Akaondoka hata chai hakunywa.

Kurasa za miezi ile saba aliziacha wazi. Wakubwa walimwambia akisie, ajaze.

"Sikuwapo," aliwajibu. "Mlinifukuza."

Ziko wazi mpaka leo.