Gati Lililomuua Mwalimu wa Magofu

Jumanne asubuhi, kabla sijamaliza kikombe cha kwanza cha kahawa, nahodha mmoja wa Amu, yaani Lamu mjini, alinipigia simu. Ni mtu wa maneno machache, na siku hiyo hata salamu aliiruka. "Bwana, Mwalimu amefariki. Tunamzika baada ya adhuhuri." Nikamuuliza aliugua nini, maana wiki mbili nyuma nilizungumza naye akiwa mzima kabisa. Akasema, "Hakuugua. Ni lile gati." Kisha akakata, akaniacha na kikombe mkononi na hasira ambayo mpaka leo, ninapoandika haya, haijapoa. Wasomaji wangu mmenizoea kama mtu wa maneno ya taratibu. Leo mnivumilie.

Sitamtaja jina, kwa sababu hakupenda jina lake lichapwe popote, na isitoshe mji mzima ulimwita Mwalimu tu. Alifundisha historia katika shule ya msingi mpaka akastaafu, na baada ya hapo akaanza kazi ambayo wanawake wa rika lake pale Amu hawakuwa wakiifanya: kupeleka wageni kwa boti kwenda kuona magofu ya mji wa kale yaliyoko kisiwani Manda. Nahodha aliendesha, Mwalimu akaketi mbele na buibui lake, kandambili amezivua na kuziweka pembeni. Safari yenyewe ni nzuri, sitaificha. Mnatoka gatini Amu, mnakata mlango wa bahari, mnaingia katika mkono mwembamba wa maji uliobanwa na mikoko pande zote mbili, ndege weupe wamejaa matawini, na injini inapunguzwa mpaka mnasikia kaa wakitembea topeni. Mkono huo hupitika maji yakijaa tu. Yakipwa, boti hukaa juu ya tope kama kitanda. Mwishoni kuna gati dogo la boriti na mbao, kisha njia ya mchanga, kisha msikiti wa kale ambao ukuta wake wa kibla bado umesimama wima.

Waongozaji wengine huwapeleka wageni moja kwa moja kwenye ukuta huo, wakapiga picha, wakarudi. Mwalimu alianza na kisima. Aliwasimamisha watu pale ukingoni akawauliza, "Nyumba ya kwanza kujengwa huwa karibu na nini?" Hakuendelea mpaka mtu ajibu. Ndipo akawaeleza jinsi maji yalivyogeuka chumvi, jinsi familia moja moja zilivyovuka kwenda kuanza upya ng'ambo, na jinsi wajukuu wa wajukuu wao walivyoendelea kurudi hapo kusoma dua. Kwake yale hayakuwa mawe. Yalikuwa nyumba za watu ambao walitaka maji ya kunywa na hawakuyapata.

Nilimjua kupitia ugomvi. Hoteli moja, ambayo siitaji, ilichapisha karatasi ya matangazo yenye rangi nyingi ikiwaalika wageni katika "safari ya boti yenye mandhari ya kupendeza hadi monasteri ya kale kisiwani". Sijui aliyeiandika alitoa wapi monasteri. Pengine aliona picha ya ukuta mkongwe, akakumbuka nchi nyingine aliyowahi kutembelea. Mwalimu aliichukua karatasi ile akaenda nayo hotelini, nami nilikuwa nimekaa pale kwenye viti vya mapokezi nikimsubiri mtu mwingine. Aliiweka juu ya meza ya meneja, akaweka kidole juu ya lile neno.

"Bwana, watawa gani waliishi Manda?"

Meneja, kijana mpole aliyetoka bara, akatabasamu. "Mama, ni lugha ya biashara tu. Wageni wanalipenda hilo neno."

"Pale palisaliwa Ijumaa. Palisomeshwa watoto Kurani. Mihirabu iko, ndoo nikakuoneshe uione kwa mato yako. Wewe ungependa nikaandike kwamba nyumba ya babu yako ilikuwa ghala la samaki, kwa sababu wageni wanapenda samaki?"

Alisema hayo kwa Kiamu chake na kwa sauti ile ile ya darasani, bila kuipandisha. Meneja akaahidi kwamba karatasi itarekebishwa. Haikurekebishwa. Bado inagawiwa, nami ninayo moja mezani hapa. Mwalimu alipokuwa akitoka aliniona ninacheka, akaniuliza ninacheka nini. Nikajieleza, akajua kwamba ninaandika magazetini. Tangu siku hiyo hakuniacha.

Alichotaka kwangu kilikuwa kitu kimoja. Alinipeleka Manda mara moja, miaka miwili iliyopita, bila wageni wengine, mimi na yeye na nahodha. Tulipofika alinizuia nisishuke. Akatangulia yeye, akakanyaga mbao moja moja kama mtu anayepima kina cha maji, akaniita nimfuate palepale alipokanyaga. Boriti mbili zilikuwa zimeliwa na wadudu mpaka ungeweza kuingiza kidole. Ubao wa tatu ulicheza. "Ndia ni hii moja tu," aliniambia. "Wanapita hapa watoto wa shule, wanapita wazee. Nimeandika barua, nimezipeleka kwa mkono wangu. Kila mwaka wananiambia liko kwenye mpango. Wewe unasomwa. Andika kwamba mbao zimeoza, basi. Usiongeze neno."

Hatua mbili kutoka kwenye mbao hizo, ofisi inayohusika ilikuwa imesimamisha bango jipya la kukaribisha wageni, chuma kizito, limefungwa kwa saruji. Juu yake palikuwa na picha ya gati. Gati la kwenye picha lilikuwa zima.

Nilirudi nyumbani nikaandika. Wengi wenu mnaikumbuka makala ile, kwa sababu mliniandikia barua za kuisifu. Niliandika juu ya mikoko, juu ya ndege weupe, juu ya upepo unaokupokea unapotoka kwenye mkono wa maji, juu ya ukuta wa kibla ulioshinda miaka. Niliandika kwamba kila Mkenya aende akaone. Kuhusu mbao nilikuwa na sentensi moja, na nilipoipitia makala mara ya mwisho nikaiona inaharibu mtiririko, nikaifuta. Naapa kwamba sababu ilikuwa hiyo tu. Hakuna aliyenitisha, hakuna aliyenihonga. Niliifuta kwa sababu haikuwa nzuri.

Mwalimu aliisoma. Alinipigia simu akaniambia, "Umeandika vizuri sana, Bwana. Lakini gati sikuliona." Nikasema nitaandika tena. Akasema, "Inshallah." Hatukulizungumza tena jambo hilo, na nilipoongea naye wiki mbili kabla ya kifo chake aliniuliza habari za watoto wangu tu.

Siku aliyoanguka alikuwa na familia moja kutoka Nakuru: baba, mama, watoto wawili na bibi yao. Nahodha alinisimulia yote baada ya maziko, tumekaa kwenye ngazi za msikiti, naye akitazama mikono yake. Walifika saa mbili asubuhi, maji yamejaa. Mwalimu akatangulia kama kawaida, akakanyaga ubao wa kwanza, wa pili, akageuka kumpa mkono yule bibi. Ubao ukakatika chini yake. Aliangukia kwenye boriti, nyonga ikavunjika, kisha akateleza mpaka topeni. Kumtoa pale, bila machela, bila cha kushikilia, kuliwachukua muda mrefu, na kila walipomgusa alipaza sauti. Walipomlaza ndani ya boti hatimaye, maji yalikuwa yamekwisha kuondoka. Boti haikusogea. Upande wa pili wa kisiwa ni bahari kuu na mawimbi yake, hakuna boti inayosimama huko.

Nahodha alipiga simu kuomba ile boti ya wagonjwa, ambayo ina chini bapa na ingeweza kupita kwenye maji machache. Akajibiwa kwamba imetoka na wajumbe wanaotembelea visiwa kukagua vivutio vya utalii. Akauliza itarudi saa ngapi. Akaambiwa, "Wakimaliza chakula." Ninyi mnaosoma rudieni sentensi hiyo. Mimi nimeirudia siku kadhaa sasa, na kila mara natafuta namna ya kuielewa ili nisimchukie mtu, sijaipata.

Walimtandikia turubai kumkinga jua. Mwalimu aliwaambia wale wageni, "Nendani mkaone. Mumetoka mbali." Walikataa. Basi akamwita yule bibi wa Nakuru akae karibu na kichwa chake, akamsimulia akiwa amelala hivyo: kisima, maji ya chumvi, familia zilizovuka. Alikuwa akikatiza maneno kwa maumivu, anangoja, anaendelea. Nahodha anasema alisimulia yote na hakuacha kitu. Maji yalirudi karibu na saa kumi na moja jioni, wakamvusha kwa boti ile ile. Siku ya tatu, hospitalini, damu iliyoganda mguuni ikapanda mpaka kwenye mapafu. Hivyo ndivyo daktari alivyowaeleza nduguze.

Kwenye hitima, tulipokaa kumsomea dua, alikuja afisa wa ofisi inayohusika, kanzu imepigwa pasi vizuri. Akaomba nafasi ya kusema maneno mawili, akasema mengi. Alimwita marehemu hazina ya utalii wetu, akasema pengo lake halitazibika, akasema ni kudra ya Mungu. Nduguye Mwalimu, mzee mtulivu anayesomesha Kurani Amu, alimsubiri amalize. Kisha akamwambia, mbele yetu sote, "Kudra ya Mungu tumeiridhia, Bwana. Wewe tueleze za kwako. Barua ulizipata?"

Afisa akasema faili lipo.

"Ulizisoma?"

Afisa akatazama saa yake, akasema ana kikao. Akaondoka bila kugusa chakula. Hatukumzuia.

Siku sita baada ya maziko gati lilitengenezwa. Nilikwenda kulitazama. Mafundi wawili na boriti mpya, kazi ya siku moja na nusu. Nilimuuliza mmoja wao kama kazi ilikuwa ngumu, akanishangaa. "Hii? Hii ni kazi ndogo, kaka. Wangetuita zamani tungeifanya zamani." Alisema hivyo bila ubaya wowote, akarudi kwenye msumari wake. Nilisimama juu ya mbao hizo, imara kabisa, nikaona aibu kwamba zinanibeba.

Tumejenga nchi ambayo inajua kuuza mahali kuliko kupatunza. Tuna mabango, tuna karatasi za rangi, tuna wajumbe wa kukagua vivutio, tuna waandishi kama mimi wa kusifu upepo. Mtu anayesema hapa pameoza tunamwona anaharibu mandhari. Tunamwambia avumilie, tunamwambia liko kwenye mpango, na akifa kwa lile lile alilotuonya tunamsomea sifa. Afisa yule ana hatia yake, na aliyechukua boti ya wagonjwa kwenda kula ana yake, nami natumaini kwamba kuna siku wataulizwa na watu wenye nguvu ya kuwauliza. Lakini mimi nilikuwa na sentensi. Nilikuwa nayo mkononi, ilikuwa na maneno machache, ilikuwa kweli, na watu wengi wangeisoma. Pengine isingebadilisha kitu. Pengine fundi yule angeitwa mapema. Sitajua, na hilo ndilo nililojitakia.

Mnaoniandikia kunisifu kwa lugha nzuri, nawashukuru. Sasa naomba mniandikie jingine. Niambieni daraja gani kwenu limelegea, ngazi gani imevunjika, zahanati gani haina mlango, nami nitaandika hivyo hivyo, kwa jina la mahali na bila kupamba. Makala itakayotoka itakuwa mbaya kusoma. Mtu fulani atavuka salama.