Askofu Aliyekosa Mtu wa Kumfia

Mwaka ule darasa letu la jioni, pale ukumbi wa kanisa, mwalimu alitaka tuigize maisha ya askofu mmoja Mzungu wa zamani za bibi zetu. Maisha yenyewe hayakuwa marefu. Alizaliwa Ulaya, akasoma mpaka akawa askofu, akapanda meli akatapika njia nzima, akashuka Mombasa, akaenda bara kwa miguu, homa ikamuua.

Wanaume wote waliutaka uaskofu. Walipoambiwa mwisho kuna kulala chini, ufunikwe uso na wenzako wakuimbie, kila mmoja akakumbuka ana zamu ya usiku. Kulazwa maiti nawe mzima ni kujichuria, kujiitia kifo. Mwalimu akasema basi, tuuache mchezo.

Mimi iliniuma. Mzee yule ndiye aliyembatiza bibi yangu. Mtu aache kwao, aje afie kwetu, halafu akose hata wa kumfia dakika mbili? Nikasema nitakuwa mimi.

Mume wangu, aliyekuwa akifanya kazi godauni la Shimanzi, hakucheka. "Mama watoto, ukilazwa maiti pale, hapa usirudi. Silali na mtu aliyekwisha imbiwa."

Nikasali, kisha nikaenda kutafuta nguo. Shoga yangu Muislamu wa Kibokoni akaniazima joho la harusi la mumewe. "Lirudi kama lilivyo, shoga," akaniambia. "Nisisikie limebatizwa."

Siku ilipofika nikabandikwa ndevu za pamba. Nikatapika vizuri, watu wakacheka. Nikafa. Waliponifunika tu, mama mkwe wangu, aliyeshuka kutoka bara kuja kunitazama, akaangua kilio. Alijua ni mchezo, lakini kuona miguu yangu imenyooka kukamshinda. Wazee wenzake wakampokea kilio, naye akazidi. "Mkwe wangu mpishi! Mkwe wangu mwenye subira!" Tangu niolewe mama yule hajanisifu hata chai. Nikatulia pale chini, sina haraka ya kufufuka. Angeendelea, lakini pamba ikaniingia puani, nikapiga chafya, ukumbi mzima ukakimbilia mlangoni, mwalimu mbele.

Tukarudi nyumbani, mimi na mama mkwe. Mlango umefungwa, na habari imetutangulia.

"Hodi."

"Nani?"

"Mkeo."

"Mke wangu amekufa. Nasikia mama amemlilia mwenyewe."

Nilimjua, akiapa ameapa, na watoto wangu walikuwa ndani.

Mama mkwe akanisogeza kando, sauti imemkauka. "Fungua, wewe. Nimeshalia leo, sirudii. Nina njaa, na mpishi ndiye huyu."

Akafungua. Wali akala, ila kitandani hakuja. Akatandika mkeka kule ukutani, Biblia chini ya mto.

Alfajiri nikamsikia ananyata mpaka kitandani, akainama kusikiliza kama napumua. Nikazuia pumzi kidogo.